Siku Tisa za Kobalti

Siwema alipostaafu ualimu wa hisabati alitualika kwao Kurui kwenye ibada ya shukrani. Baada ya ibada, sahani zikiwa bado mapajani, alinishika bega akanitambulisha kwa walimu wenzake. "Huyu," akasema, "ndiye aliyenifanya nirudie hesabu moja mara tisa." Walimu wakapiga makofi, maana walidhani ni sifa. Nikainamisha kichwa kama mtu anayepokea tuzo, kwa sababu kumsahihisha mwenyeji mbele ya wageni wake si adabu, na kwa sababu idadi yenyewe ilikuwa sahihi. Niliihakiki kichwani nikiwa nimesimama, nikaihakiki tena nilipokaa: tisa. Njia nzima ya kurudi nyumbani sikuwaza ibada wala pilau. Niliwaza mwaka ule wa Kibaha na Kisarawe, nilipokuwa na shahada mbichi mfukoni na mdomo uliokwishaiva zamani.

Ulikuwa mwaka wa msako wa wahujumu uchumi. Kijana wa leo ukimwambia kwamba mtu aliweza kulala korokoroni kwa ajili ya katoni ya sabuni, anakutazama kama umeanza kuzeeka vibaya. Lakini ndivyo ilivyokuwa. Mwenye magunia mawili ya mchele alitakiwa awe na maelezo ya magunia mawili, na barabarani kila baada ya mwendo kidogo palikuwa na gogo, kamba na mgambo. Katika mwaka huo, serikali ikihangaika na mchele na sisi tukiutafuta, mimi niliajiriwa Kibaha kuchunguza elektroni za kobalti zinakaa vipi. Mama yangu mdogo aliniuliza kama hiyo kobalti inalika. Nilipomwambia hailiki, akasema basi angalau haitanipeleka jela. Hapo alikosea, ila kwa kiasi kidogo tu.

Kituo chetu cha utafiti sitakitaja jina. Kilikwishafungwa, na marehemu hasemwi. Kilikuwa na vyumba vitatu nyuma ya jengo la serikali. Kimoja kilikuwa cha Daktari Elirehema, mtu wa milimani, mrefu, mwenye shati moja jeupe ambalo wengine walidai ni mashati matatu yanayofanana. Humo ndimo ilimokaa mashine ya kupima mwanga, dirisha likiwa limepakwa rangi nyeusi, na hakuna aliyeigusa isipokuwa yeye. Mashine ilipitisha mwanga kwenye kichupa cha dawa, rangi moja baada ya nyingine, na kalamu yake ikachora mlima pale mwanga ulipoliwa. Taa yake ilikuwa moja tu nchini kwa kadiri tulivyojua. Ya akiba ilikuwa imeagizwa ng'ambo na ikawa inasubiri fedha za kigeni, kama taifa zima. Kwa hiyo Daktari aliandika kila dakika iliyowaka. Vyumba viwili vilivyobaki vilikuwa vyetu, mimi kimoja na Siwema kingine, kila mmoja na mashine ya hesabu ya chuma, ile ya kuzungusha mkono, inayolia kama kinu cha nyama. Kwenye ukuta uliotutenga palikuwa na tundu la mraba lililoachwa na kiyoyozi kilichokwenda kutengenezwa na hakikurudi.

Kazi yenyewe, nikiieleza kama nilivyomweleza mama mdogo, ni hivi. Atomu ya kobalti imezungukwa na majirani, wanne au sita. Elektroni zake zimepanga vyumba vya juu na vya chini. Majirani wakiwa wanne vyumba vinapangika hivi; wakiwa sita, vya juu vinakuwa chini na vya chini vinakuwa juu. Elektroni ikitaka kupanda ghorofa lazima ilipe, na nauli yake ni mwanga. Sisi tulikadiria nauli hiyo kwa karatasi na kinu cha nyama, Daktari akaipima kwa mashine. Viwili hivyo vikikubaliana, tunajua majirani ni wangapi bila mtu yeyote kuwahi kuwaona. Mama mdogo alisikiliza mpaka mwisho akasema, "Kwa hiyo wewe ni balozi wa nyumba kumi." Sijawahi kupata maelezo bora zaidi.

Daktari alikuwa na sheria moja ambayo tuliivunja mara moja tu. Swali moja lilifanywa na watu wawili, vyumba viwili, bila kuonyeshana karatasi. Jumamosi asubuhi tulisomeana kupitia tundu la kiyoyozi: mmoja anataja tarakimu, mwingine anajibu "ipo" au "haipo". Siwema alijibu "ipo" kwa sauti ya kuvuta mwishoni, kama wanavyovuta watu wa kwao, na nikisikia amenyamaza kidogo kabla ya kujibu, jasho lilinitoka, maana tofauti ikitokea mara nyingi ilikuwa yangu. Mimi nilikuwa na shahada, yeye alikuwa na kidato cha nne na ajira ya majaribio ya miezi sita kama karani wa hesabu. Alizoea hesabu tangu utotoni kwenye korosho za baba yake, pale mnunuzi anapohesabu kwa haraka na mkulima lazima ahesabu kwa haraka zaidi. Saa nne tulikula mihogo ya kuchemsha dirishani kwake, na siku ambazo mzee mmoja wa Magindu alipita na baiskeli ya maziwa, tulikunywa maziwa. Mimi nilipatana bei, Siwema akishika tama.

"Kaka Athumani," aliniambia siku moja, "umemwondolea yule mzee senti tano, umekula robo saa yake na robo saa yako. Nani kapata?"

"Nimepata mimi. Nimeshinda."

"Haya. Mshindi, maziwa yamepoa."

Katikati ya mwaka Daktari alinipeleka Kisarawe kutengeneza kiungo kipya cha kobalti, yaani kobalti iliyounganishwa na majirani wapya. Huko kulikuwa na mradi wa udongo mweupe, na mradi huo ulikuwa na kitu ambacho Kibaha hatukuwa nacho: tanuri la kukausha lililofanya kazi. Nilikaa wiki tano. Nilipanga chumba kwa Bi Hadija, mjane aliyeongea na sufuria zake kuliko na wapangaji. Kisarawe asubuhi ukungu unaingia mpaka kwenye kikombe cha chai, na kiungo changu kilikuwa na ugonjwa mmoja: kikavu ni buluu ya kupendeza, kikinusa unyevu kinaanza kunywa maji kama mlevi, majirani wanne wanabadilika kuwa sita, na rangi inageuka ya waridi. Dawa ya kukaushia tuliyostahili kuwa nayo haikuwepo dukani wala boharini. Nta ya kuzibia vichupa haikuwepo pia, mishumaa ilikuwa ya foleni. Nikamlalamikia Bi Hadija, nikitegemea pole tu. Akanyanyua kikopo chake cha chumvi akakitikisa sikioni kwangu. Ndani ya chumvi mlikuwa na punje za mchele.

"Mwanangu, mchele unakunywa maji hata kabla hujautia chunguni. Ukaange kwanza mpaka ukaribie kuungua, uutie ungali moto, funika. Mbona chumvi yangu hailii?"

Nikaukaanga mwenyewe, vikombe vitatu, katika mji ambao mchele wa kula ulikuwa hadithi. Nikaujaza kwenye kopo la maziwa ya unga, nikafukia humo vichupa vitatu vyenye vizibo vya gome, kila kimoja kimeviringishwa karatasi nyeusi ya kaboni. Kila jioni nilifunua kimoja: buluu. Nilimwandikia Daktari kwamba kitu ni buluu na hakigeuki rangi. Wakati huohuo Siwema, kule Kibaha, alikuwa anafanya hesabu ya kiungo hicho peke yake, kwa kuwa mwenzake wa kusomeana nilikuwa Kisarawe nakaanga mchele.

Siku ya kurudi nilipata nafasi nyuma ya lori la parokia lililobeba matofali, mvua za rasharasha zikitufuata njia nzima. Tulipokaribia Kibaha tukakuta gogo. Mgambo mmoja akapanda nyuma, akapita kwenye matofali bila kuyaona, akasimama mbele ya kopo langu.

"Kijana, hili nini?"

"Vifaa vya maabara, afande."

Akafungua. "Maabara ina mchele?"

"Ule ni dawa."

"Dawa ya nini?"

"Ya unyevu."

Akanitazama kwa huruma, nadhani hakuwahi kudanganywa kizembe namna ile. "Shuka. Utaandikisha maelezo kituoni, wewe na dawa yako."

Mtu mwenye akili angeshuka. Angeeleza, angengoja, angetuma mtu kwa Daktari, mwendo ulikuwa mfupi. Lakini mimi nimekulia Ilala, na mtu wa Ilala akiambiwa shuka anasikia "bei ya kuanzia". Nikasogea karibu. Nikamwuliza afande ana watoto wangapi, akasema wanne. Nikasema vikombe vitatu watoto wanne havigawanyiki, lakini nyumba inajua yenyewe. Akataka kopo na vilivyomo. Nikasema vichupa ni sumu, vitamletea msiba. Akachota punje kiganjani, akazinusa.

"Mchele wenyewe umeungua huu!"

"Ndiyo maana nakuachia wote."

Tukacheka sisi wawili. Akamimina mchele kwenye kofia yake, akanirudishia kopo na vichupa vyangu. Nikavihesabu, vitatu, nikavihesabu tena, vitatu. Lori likaondoka na mimi nikiwa nimekaa juu ya matofali na kopo lenye vichupa tu mapajani, mvua ikininyunyizia, nimejaa raha ya mtu aliyeponea chupuchupu kwa ujanja wake. Sikufungua karatasi ya kaboni kutazama. Nilikuwa na haraka ya kuwasimulia watu.

Daktari alivipokea vichupa akaingia chumbani kwake. Kesho yake alitoka na mchoro, akautandaza juu ya meza ya Siwema. Hesabu ya Siwema ilisema mlima utasimama upande wa mwanga mwekundu, mrefu, kama inavyopasa kwa majirani wanne. Mlima wa mashine ulikuwa mfupi na umesimama upande wa kijani, mahali pa majirani sita.

"Binti, umegeuza alama," alisema Daktari kwa upole wake ambao ulikuwa mbaya kuliko ukali. "Mahali pa kujumlisha umetoa. Geuza, utaona."

Siwema akageuza pale pale, kinu kikalia, sote tukiwa tumesimama. Namba ikasogea mpaka karibu na mlima wa mashine. Karibu sana. Akaitazama. "Inakaribia kukaa, Daktari. Haijakaa."

"Itakaa ukirudia." Kisha akanigeukia. "Athumani, uliandika kwamba ni buluu?"

Hapo ndipo nilipojua. Nilijua kila kitu kwa mara moja, kofia ya mgambo, mvua, vizibo vya gome, na hicho kichupa kilichomo chumbani chenye rangi ambayo sikuhitaji tena kuitazama. Nilitakiwa kusema sentensi moja. Lakini sentensi hiyo ilikuwa na mchele ndani yake, na mgambo, na mtumishi wa serikali aliyetoa kitu kizuizini katika mwaka wa msako. Nikasema, "Niliona kama buluu, Daktari." Kama. Neno hilo dogo ndilo lililonigharimu.

"Jicho hudanganyika," akasema. "Kalamu ya mashine haina macho." Akamwambia Siwema kwamba miezi sita ya majaribio inaisha mwisho wa mwezi, na kwamba hawezi kuandika barua ya kumthibitisha karani asiyejua kujumlisha na kutoa. Mwaka ule, kijana asiye na kazi mjini alikuwa anakusanywa na kupelekwa kijijini. Siwema hakuhitaji kuelezwa.

Nimejaribu mara nyingi kukumbuka siku tisa zilizofuata kama siku fupi, lakini haziwi. Kila asubuhi nilisikia kinu chake kikianza kabla yangu na kila jioni nilikiacha kinalia. Alikuwa anarudia tangu mwanzo, karatasi mpya, bila kutazama ya jana. Mara moja kwa siku. Majibu yalikuwa yale yale, nilijua kwa jinsi kinu kilivyonyamaza. Mihogo alikula mezani, si dirishani. Mzee wa Magindu alipita, nikalipa bei aliyotaja, akashtuka akaniuliza kama naumwa.

Nilijaribu kupatana. Kwanza nilimwendea Daktari nikasema ni desturi nzuri kupima mara mbili, tuwashe mashine tena. Akanionyesha daftari la dakika za taa. "Sababu?" Sikuwa nayo, au nilikuwa nayo na sikuitoa. Siku ya tano nilifanya hesabu nzima mwenyewe nikapata jibu la Siwema mpaka tarakimu ya mwisho, nikampelekea Daktari. Akazisoma karatasi zangu taratibu. "Umekaa naye ukuta mmoja, namba za kuanzia umechukua kwake. Hii ni hesabu moja iliyovaa mashati mawili." Nikatoka nikiwa na nafuu ya ajabu, nikijiambia nimejaribu. Mtu akizoea kupatana hupatana hata na nafsi yake, na huko ndiko hupata bei rahisi kuliko kote.

Siku ya tisa nilimkuta Siwema amepanga karatasi zake katika marundo, amezifunga kwa uzi, meza imefutwa. Kulikuwa na harufu ya sabuni ya mche, ile adimu, nikajua ameamua kweli.

"Nimeandika nyumbani," akasema. "Barua imekwenda juzi na kijana wa Kurui. Nimewaambia nimekosea kazi, narudi."

"Lakini hujakosea."

Akaacha kufunga uzi. "Unajuaje, kaka?"

Nikamwambia. Nilianza na kikopo cha chumvi cha Bi Hadija, nikidhani nikianzia mbali nitafika nimechoka na atanihurumia. Hakunikatiza. Nilipofika kwenye kofia ya mgambo nilijaribu hata kuliweka lile la watoto wanne kwa namna ya kuchekesha. Hakucheka. Alinyoosha mkono akazungusha kinu mpaka namba zote zikawa sifuri.

"Siku ngapi?"

"Tisa."

"Nilizihesabu pia. Nenda kwa Daktari. Sasa hivi, kabla hujaanza kupanga maneno."

Daktari alisikiliza akiwa amevua miwani. Nilingoja polisi, barua, angalau kelele. Aliuliza jambo moja tu, "Na mchele ulimpa wote?" Nikasema wote. Akaenda akaleta kile kichupa, akakiweka juu ya meza kwenye jua la mlangoni. Kilikuwa rangi ya waridi, wazi kabisa, mtoto mdogo angeona. Tukakitazama wote wawili, na niliona masikio yake yakiiva, kwa sababu alikuwa amekitazama kabla yangu, siku tisa, na akaiamini kalamu.

Akanirudisha Kisarawe kutengeneza kingine, nikiwa na barua yenye mhuri wa wilaya isemayo kwamba mchele uliomo kwenye kopo si chakula. Mgambo yule yule aliisoma, akasema hata ule wa mwanzo haukuwa chakula, watoto waliulalamikia. Kichupa kilifika Kibaha buluu. Safari hii Daktari alimwita Siwema ndani ya chumba cheusi, akamwekea kiti karibu na kalamu. Mimi nilisimama mlangoni. Kalamu ikatambaa bapa, ikapita kwenye kijani bila kushituka, ikafika kwenye nyekundu ikapanda, ikapanda, mpaka ikakaribia kutoka nje ya karatasi. Siwema alikuwa ameweka kidole mahali pake tangu mwanzo. Hakukisogeza.

Daktari alizima taa, akaandika dakika zake, kisha akasimama. "Binti, nisamehe." Mtu wa umri wake, wa cheo chake. "Asante, Daktari," akasema Siwema. Barua ya kumthibitisha iliandikwa siku hiyo hiyo, na alifanya kazi nasi mpaka alipokwenda chuo cha ualimu.

Mimi nilimfuata ukumbini nikamwomba radhi. Nilisema nitamfanyia chochote, nikaanza kutaja: zamu zake, ripoti, jina lake litangulie langu.

"Barua yangu ilisomwa," akanikatiza. "Baba na mama hawajui kusoma. Jirani ndiye aliyewasomea, barazani, kwa sauti. Kurui nzima inajua nimeshindwa kujumlisha. Nikiwaandikia nyingine watasema najitetea. Utakwenda wewe."

Nikaenda Jumapili. Lori liliniacha njia panda, nikatembea kati ya mikorosho mpaka viatu vikawa rangi ya udongo. Baba yake, mzee wa kanisa, alikuwa amekaa nje na shati la ibada bado mwilini. Mama yake alikuwa jikoni, moshi ukimtangulia. Nilisema shikamoo, wakaitikia marahaba, nikapewa kigoda, nikapewa maji. Nikasema. Sikuanzia kwenye kikopo cha chumvi. Nilisema binti yenu hakukosea, niliyekosea ni mimi, nilijua tangu siku ya kwanza nikanyamaza kwa woga, na nimekuja mwenyewe ili mlisikie kwangu.

Mzee akakuna goti. Nikaanza kutafuta namna ya kujipunguzia uzito, nikafungua mdomo, akaninyooshea kiganja.

"Hakukosea?"

"Hakukosea, mzee."

"Sisi tulijua," akasema mama yake kutoka jikoni. Akatoka akijifuta mikono kwenye khanga, akanitazama kuanzia viatu mpaka kichwa. Hakuwa na hasira. Alikuwa na shughuli. Akaenda mpaka ukingoni mwa uwanja akaita jina la jirani, halafu la pili, halafu la mama mmoja wa ng'ambo ya shamba, na watu wakaanza kuja, mmoja na jembe, mmoja na mtoto mgongoni, na yule msomaji wa barua akiwa na kalamu sikioni. Wakakaa barazani. Mama yake Siwema akanigeuzia kigoda kiwaelekee.

"Haya, mwanangu," akasema. "Simama. Sema tena, na safari hii kwa sauti."